Mjumbe hauawi, lakini huulizwa

Septemba 1976, ndege ya Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani, Henry Kissinger, ilitua Dar es Salaam mara mbili, na kati ya kutua kwa kwanza na kwa pili hazikupita hata siku kumi. Mara ya kwanza alikuja kuzungumza na Mwalimu Julius Nyerere, mwenyekiti wa Nchi za Mstari wa Mbele, juu ya vita vya Rhodesia. Mara ya pili alikuwa akitoka Pretoria, alikokutana na Waziri Mkuu wa Afrika Kusini, John Vorster, pamoja na kiongozi wa walowezi wa Rhodesia, Ian Smith. Njiani alipita Lusaka kwa Kenneth Kaunda. Kila mji milango ilifungwa, watu wakazungumza, milango ikafunguliwa. Aliyekuwemo katika vyumba vyote hivyo ni Kissinger na wasaidizi wake. Wengine wote walijua cha chumba chao tu.

Tarehe 24 Septemba Smith aliwatangazia wananchi wake kwamba amekubali utawala wa walio wengi ndani ya miaka miwili. Kwa mtu aliyejitwalia uhuru wa walowezi mwaka 1965 kwa kiburi kikubwa, hilo lilikuwa jambo la kustaajabisha. Lakini ndani ya masharti aliyoyasoma mlikuwa na mfupa: katika serikali ya mpito, wizara ya ulinzi na ile ya sheria na usalama zingeshikwa na wazungu. Maana yake ni kwamba bunduki zingebaki mikononi mwa wale wale. Smith alisisitiza kuwa hivyo ndivyo alivyoelezwa, na kwamba aliaminishwa kuwa marais wa Kiafrika wameridhia. Siku mbili baadaye marais watano wa Mstari wa Mbele walikutana Lusaka wakayakataa masharti hayo. Mkutano ulioitishwa Geneva mwishoni mwa Oktoba ulivunjika kabla mwaka haujaisha. Vita viliendelea miaka mitatu zaidi, na bendera ya Zimbabwe haikupanda hadi Aprili 1980.

Kiswahili kina neno la zamani kwa mtu wa namna hiyo: ndumilakuwili, nyoka anayesemekana kuwa na kichwa huku na kichwa kule. Watetezi wa Kissinger watasema neno hilo ni kali mno. Watasema msuluhishi asiyepindisha maneno kidogo hapa na pale hawezi kuwakutanisha watu wanaotaka kuuana. Huenda. Ila swali hubaki pale pale: maneno yakipindishwa na watu wakafa, anayeulizwa ni nani?

Kissinger alifariki tarehe 29 Novemba 2023, akiwa na umri wa miaka 100. Hakuna mahakama iliyowahi kumpandisha kizimbani. Makala hii haikusudii kumhukumu marehemu. Inakusudia kuuliza jambo ambalo maisha yake yameliacha wazi, na ambalo linatuhusu hata sisi tusio na ndege za B-52.

Methali na nusu yake ya pili

Wahenga walisema mjumbe hauawi. Ni methali ya watu waliokaa pwani na bara wakitumiana salamu, mahari, vitisho na sulhu kwa midomo ya wengine. Ukimuua anayeleta neno, kesho hakuna wa kulileta, na wasiosemezana huishia kupigana. Hekima hiyo hiyo ndiyo iliyoandikwa kwa lugha ya kisheria katika Mkataba wa Vienna wa mwaka 1961 kuhusu uhusiano wa kidiplomasia. Balozi hakamatwi, nyumba yake haipekuliwi, mfuko wake wa barua haufunguliwi.

Lakini kila aliyewahi kutumwa na wazee anajua kuwa kazi ya mjumbe haiishi pale alipofikisha ujumbe. Hurudi. Huketishwa, huulizwa: Ulisema nini? Wakakujibu nini? Uliongeza lako? Ulipunguza letu? Kinga yake ni ya ugenini. Nyumbani ana deni la maelezo. Mjumbe anayetunga ujumbe wake mwenyewe, akaufikisha, kisha akawaficha waliomtuma, huyo ametoka katika ujumbe na kuingia katika jambo jingine, na methali haikutungwa kwa ajili yake.

Hapo ndipo ilipo kasoro kubwa ya diplomasia ya wakubwa. Tumeikuza nusu ya kwanza ya methali mpaka imekuwa ngome, na nusu ya pili tumeiacha ife.

Menyu ya Kambodia

Kissinger alizaliwa mwaka 1923 katika mji wa Fürth, Ujerumani, katika familia ya Kiyahudi iliyowakimbia Wanazi mwaka 1938. Alipanda hadi kuwa profesa wa Harvard, na Januari 1969 akawa Mshauri wa Usalama wa Taifa wa Rais Richard Nixon. Kuanzia Septemba 1973 hadi Novemba 1975 alishika cheo hicho pamoja na kile cha Waziri wa Mambo ya Nje, jambo ambalo hakuna aliyewahi kulifanya kabla yake. Mshauri hathibitishwi na Seneti, wala si desturi aitwe mbele ya Bunge kujieleza kama waziri. Nguvu nyingi zilipita katika ofisi isiyo na dirisha la nje.

Miezi miwili baada ya kuingia Ikulu ya Marekani, tarehe 18 Machi 1969, ndege za B-52 zilianza kuishambulia Kambodia, nchi ambayo Marekani haikuwa vitani nayo. Shabaha ilikuwa kambi za wapiganaji wa Vietnam ya Kaskazini zilizojificha mpakani. Operesheni iliitwa Menyu, na awamu zake zikapewa majina ya mezani: Kifungua Kinywa, Chakula cha Mchana, hadi Kitindamlo. Iliendelea kwa miezi kumi na minne.

Kinachotuhusu hapa ni karatasi. Kuliwekwa mfumo wa hesabu mbili. Maofisa wa rada ardhini walipokea shabaha za kweli, wakaziongoza ndege Kambodia, kisha wakaandika ripoti zinazoonyesha kuwa mabomu yameanguka Vietnam ya Kusini. Mwaka 1973 mmoja wa maofisa hao, Meja Hal Knight, alieleza mbele ya kamati ya Seneti jinsi alivyokuwa akizichoma karatasi za kweli na kupeleka za uongo. Wabunge waliopitisha bajeti ya vita walikuwa wakisomewa vita vingine.

Gazeti la New York Times lilipodokeza habari za mashambulizi hayo Mei 1969, jibu la wakubwa halikuwa maelezo. Walianza kunasa simu. Watu 17, wakiwemo maofisa wa Kissinger mwenyewe na waandishi wa habari, walisikilizwa kwa siri. Mmoja wao, Morton Halperin, alishtaki, na ilimchukua karibu miaka ishirini kupata barua ya kuombwa radhi.

Mabomu yaliendelea kuanguka Kambodia hadi Agosti 1973. Watafiti wanakadiria kuwa yaliua raia kati ya 50,000 na 150,000. Mwaka uliofuata, kamati ya sheria ya Bunge la Marekani ilipokaa kuamua mashtaka ya kumwondoa Nixon, hoja ya kumshtaki kwa kulificha Bunge vita vya Kambodia ilipigiwa kura ikaanguka, 26 dhidi ya 12. Uvunjaji wa ofisi za chama cha upinzani pale Watergate ulitosha kumng'oa rais. Nchi iliyochomwa kwa siri haikutosha.

Konseli wa Dhaka

Wapo wanaosema nyakati zile hakuna aliyejua, au kwamba ndivyo wote walivyofikiri. Archer Blood anawakanusha.

Blood alikuwa Konseli Mkuu wa Marekani mjini Dhaka, wakati huo mji mkuu wa Pakistani ya Mashariki. Usiku wa tarehe 25 Machi 1971 jeshi la Pakistani lilianza kuwaua Wabengali waliokuwa wamekipa chama chao ushindi katika uchaguzi. Wanafunzi waliuawa katika mabweni ya chuo kikuu. Blood na wenzake walituma taarifa siku baada ya siku. Washington ilinyamaza. Jenerali Yahya Khan, mtawala wa Pakistani, alikuwa na kazi maalumu kwa Nixon na Kissinger: ndiye aliyekuwa akipitisha ujumbe wao wa siri kwenda China.

Tarehe 6 Aprili, Blood alituma telegramu ya kupinga sera ya serikali yake mwenyewe, ikiwa na saini za maofisa 20 wa Kimarekani waliokuwa Dhaka. Walisema nchi yao imefilisika kimaadili kwa kunyamazia mauaji ya raia. Walitumia njia rasmi ya watumishi kutoa maoni ya kupinga, ambayo wizara ilikuwa imeianzisha mwaka huo huo. Katika historia ya diplomasia ya Marekani ni shida kupata waraka wa ndani ulio mkali kuushinda.

Malipo yake? Blood aliondolewa Dhaka. Julai, Kissinger akiwa ziarani Pakistani alisingizia tumbo linamsumbua, na wakati waandishi wakidhani amepumzika milimani, yeye alikuwa Beijing akinywa chai na Zhou Enlai. Safari ile ilibadilisha ramani ya siasa za dunia. Upande wa pili wa mizani, wakimbizi wapatao milioni 10 walivuka kuingia India, na waliouawa wanakadiriwa kuanzia mamia kwa maelfu hadi milioni tatu ambayo serikali ya Bangladesh huitaja. Blood alitumikia vituo vingine, lakini hakuwahi kupewa cheo cha balozi. Alifariki mwaka 2004. Wabengali hawakumsahau: maktaba ya kituo cha Marekani mjini Dhaka ilipewa jina lake.

Telegramu ile inafuta kisingizio cha kutojua. Kissinger aliambiwa, kwa maandishi, na watu wake, waliokuwa wakisikia milio ya risasi kwa masikio yao. Alipima, akachagua.

Heri nusu shari?

Tuitendee haki hoja ya upande wa pili, maana si ya kipuuzi. Enzi zile mataifa mawili yalikuwa yamelundika silaha za nyuklia za kuimaliza dunia. Kufungua mlango wa China, kutia saini na Moscow mwaka 1972 mkataba wa kupunguza kasi ya silaha hizo, na kuruka kutwa kucha kati ya Cairo, Damascus na Jerusalem baada ya vita vya Oktoba 1973 hadi majeshi yakatenganishwa, ni mambo yaliyookoa roho za watu ambao hatutawajua kamwe kwa sababu hawakufa. Mwanasiasa wa nje hachagui kati ya wema na ubaya. Huletewa mabaya mawili na kuambiwa achague kabla ya alfajiri. Heri nusu shari kuliko shari kamili.

Methali hiyo ni ya kweli, lakini ina sharti ambalo watetezi wake hulisahau. Anayesema heri nusu shari husema juu ya shari itakayomfika yeye na watu wake. Mwenye kuumia ndiye mwenye haki ya kusema bora nusu. Mkulima wa Kambodia hakuulizwa. Mwanafunzi wa Dhaka hakuulizwa. Watu wa Timor ya Mashariki hawakuulizwa tarehe 6 Desemba 1975, Rais Gerald Ford na Kissinger walipoketi Jakarta na Jenerali Suharto, akawadokezea nia yake, nao wakamwonyesha kuwa hawatamzuia. Majeshi ya Indonesia yalivamia kesho yake. Tume ya ukweli ya Timor ilikuja kukadiria kuwa watu wasiopungua 102,800 walikufa kutokana na mgogoro huo hadi mwaka 1999. Shari ya wengine ni rahisi sana kuigawa nusu.

Zaidi ya hayo, hesabu zenyewe mara nyingi zilikosewa. Mwaka 1969 Kissinger aliagiza uchambuzi wa sera ya Marekani kusini mwa Afrika. Njia iliyochaguliwa ilijengwa juu ya dhana kwamba wazungu wa huko wapo na watabaki, na mabadiliko yoyote yatapitia kwao. Waliokuwa wakiipinga ndani ya wizara waliifananisha na ile sanamu ya lami ya hadithi ya sungura, ambayo sungura wetu anaijua vizuri: ukiipiga kofi, mkono umenasa. Wakati huo Dar es Salaam ilikuwa tayari makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika (OAU), na yeyote aliyekunywa kahawa mtaani na vijana wa FRELIMO, wapigania uhuru wa Msumbiji, angeweza kumwambia profesa kuwa dhana yake haina miguu. Aprili 1974 maofisa vijana waliiangusha serikali ya Ureno. Mwaka uliofuata Msumbiji na Angola zikawa huru, na Wacuba wakawa Luanda. Ndipo Kissinger alipoigundua Afrika. Ziara yake ya kwanza kusini mwa Sahara kama waziri ilikuwa Aprili 1976, na hotuba yake ya Lusaka ya kuunga mkono utawala wa walio wengi ilikuja miaka saba baada ya uchambuzi ule. Uhalisia unaojisifu kuwa hauna huruma unapaswa angalau kuwa na macho.

Hati katika hoteli

Mei 2001 Kissinger alikuwa Paris, katika hoteli ya Ritz. Polisi walifika na hati kutoka kwa jaji Roger Le Loire, aliyetaka ushahidi wake kuhusu raia wa Ufaransa waliopotea Chile chini ya Jenerali Pinochet. Mzee hakwenda. Aliondoka mjini, na ubalozi ukajibu kwamba maswali ya namna hiyo yapelekwe kwa serikali yake.

Septemba 10 mwaka huo huo, familia ya Jenerali René Schneider ilimfungulia kesi Washington. Schneider alikuwa mkuu wa jeshi la nchi kavu la Chile mwaka 1970 na alikataa jeshi limzuie Salvador Allende, mshindi wa uchaguzi, kuapishwa. Wapinzani wake walijaribu kumteka Oktoba mwaka ule, wakampiga risasi, akafa siku tatu baadaye. Mashirika ya ujasusi ya Marekani yalikuwa yamewasiliana na makundi yaliyopanga kumteka, na Kissinger ndiye aliyeongoza kamati ya shughuli za siri. Yeye alishikilia siku zote kuwa mpango ule aliusimamisha kabla. Mahakama haikufika kupima nani msema kweli. Iliamua kuwa jambo hilo ni la kisiasa na si la majaji, na rufaa zikagonga mwamba mwaka 2006. Kesho yake baada ya kesi kufunguliwa ilikuwa Septemba 11, na Marekani ikawa na habari nyingine.

Mwaka uliofuata aliteuliwa kuongoza tume ya kuchunguza mashambulizi hayo ya Septemba 11. Aliambiwa ataje wateja wa kampuni yake ya ushauri, aliyoianzisha mwaka 1982, ili ijulikane kama ana maslahi. Zilipita wiki mbili na ushei, akajiuzulu. Kati ya kuongoza uchunguzi wa msiba mkubwa kabisa wa nchi yake na kutunza siri za wateja, alichagua wateja. Sheria haikumkamata mtu huyu hata mara moja, lakini sharti dogo la kuonyesha daftari lilimwondoa mezani.

Kuna kesi nyingine iliyo karibu nasi zaidi. Aprili 2000 jaji wa Ubelgiji alitoa hati ya kumkamata Abdoulaye Yerodia Ndombasi, Waziri wa Mambo ya Nje wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, kwa hotuba alizotoa Agosti 1998 ambazo zilidaiwa kuwachochea watu wawaue Watutsi. Kongo ilikwenda Mahakama ya Kimataifa ya Haki mjini The Hague, na tarehe 14 Februari 2002 ikashinda kwa kura 13 dhidi ya 3. Waziri wa Mambo ya Nje aliye madarakani, majaji walisema, hakamatwi wala hashtakiwi na nchi nyingine, hata kwa makosa makubwa kiasi gani. Mjumbe hauawi.

Majaji waliongeza kwamba kinga si ruhusa ya kutenda uovu. Wakataja milango minne iliyobaki: mtu anaweza kushtakiwa nyumbani kwao, nchi yake inaweza kumvua kinga, akishaondoka madarakani anaweza kushtakiwa kwa baadhi ya matendo, na mahakama za kimataifa zenye mamlaka zinaweza kumwita. Ukiitazama milango hiyo utaona kuwa miwili ya kwanza ina funguo mfukoni mwa serikali ile ile iliyomtuma. Wa tatu ni mwembamba. Wa nne, ule wa mahakama ya kudumu ya kimataifa ya jinai, ulifunguliwa rasmi Julai 2002, na haurudi nyuma kutazama yaliyotendwa kabla, wala haufiki kirahisi kwa mataifa makubwa yaliyokataa kujiunga. Yerodia mwenyewe, mwaka uliofuata hukumu hiyo, aliapishwa kuwa mmoja wa makamu wanne wa rais wa nchi yake.

Na sisi je?

Nyani haoni kundule. Ingekuwa makala nyepesi kama ingeishia Washington.

Mwishoni mwa Aprili 1972 uasi ulizuka kusini mwa Burundi, na serikali ya Michel Micombero ikajibu kwa kuwasaka Wahutu wenye elimu: walimu, wanafunzi, makarani, wauguzi, askari. Waliouawa wanakadiriwa kuwa kati ya 100,000 na 300,000. Marekani, iliyokuwa ikinunua sehemu kubwa ya kahawa ya Burundi, iliendelea kununua. Lakini Afrika ilifanya nini? Mei mwaka ule, mauaji yakiendelea, Katibu Mkuu wa OAU, Diallo Telli wa Guinea, alikwenda Bujumbura na kutangaza mshikamano na Rais Micombero. Kisheria alikuwa sahihi: mkataba wa OAU ulikataza kuingilia mambo ya ndani ya nchi mwanachama. Mwaka huo huo Telli alirudi Guinea, na mwaka 1976 Rais Sékou Touré akamtia gerezani Camp Boiro. Alikufa humo mapema 1977 kwa kunyimwa chakula na maji. Hayo nayo yalikuwa mambo ya ndani, na umoja aliouongoza haukuweza kumwokoa.

Gharama ya ukimya wa 1972 tuliilipa Tanzania kwa njia inayoonekana kwenye ramani. Makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo yalianzishwa kwa ajili ya wakimbizi hao. Mwaka 2014, miaka zaidi ya arobaini baadaye, wapatao 162,000 kati yao na wazao wao walipewa uraia wa Tanzania. Wanadiplomasia waliokaa kimya wakati ule wameshastaafu au wamekufa, na hakuna aliyewahi kuulizwa neno. Wajukuu wa waliokimbia wanalima tumbaku Tabora.

Kwa hiyo hoja ya kwamba uovu wa nje ni tabia ya Wazungu peke yao haisimami. Popote mjumbe asipoulizwa, tabia ni ile ile. Tofauti ni ukubwa wa silaha tu.

Kilichombana ni karatasi

Kama mahakama zilishindwa, tunayajuaje yote haya? Tunayajua kwa sababu makatibu muhtasi wa Kissinger walikuwa wakisikiliza simu zake na kuandika kila neno. Alipoondoka madarakani alijaribu kuzifanya kumbukumbu hizo mali yake binafsi, akaziweka mahali zisikoombwa bila ridhaa yake. Mwaka 1980 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikataa kuwasaidia waandishi waliozidai. Watafiti hawakukata tamaa. Walisukuma hadi nakala zikarudishwa serikalini, na mwaka 2004 kiasi cha kurasa 20,000 zikafunguliwa. Mengi ambayo katika vitabu vyake vinene aliyaeleza kwa ufasaha wa profesa, katika simu aliyasema kwa lugha nyingine kabisa.

Meja Knight, Archer Blood, makatibu muhtasi wasiotajwa majina: hao ndio waliofanya kazi ambayo majaji hawakuifanya. Hakuna hata mmoja aliyekuwa mkubwa. Funzo liko wazi kwa nchi yoyote inayotaka wajumbe wake wawe na adabu. Ofisa mdogo awe na njia ya kupinga kwa maandishi bila kupoteza kazi. Kila mazungumzo yaandikwe, na maandishi yawe mali ya umma, yafunguliwe baada ya muda unaojulikana. Mkataba upite mbele ya wawakilishi wa wananchi kabla haujawafunga.

Sheria za jambo hili la mwisho tunazo. Katiba ya Tanzania, ibara ya 63, inalipa Bunge kazi ya kujadili na kuridhia mikataba inayohitaji kuridhiwa. Kenya ina sheria yake ya mwaka 2012. Na tumeshaona tofauti inayoletwa na karatasi kuwa mezani. Makubaliano ya bandari kati ya Tanzania na Dubai yalisainiwa Oktoba 2022. Yalipofika Bungeni Juni 2023 na nakala zikazagaa kwenye simu za watu, nchi nzima ikawa darasa la sheria. Madereva wa bodaboda walitaja vifungu kwa namba. Uwe uliunga mkono au ulipinga, jambo moja halina ubishi: mjumbe aliulizwa. Kasoro ni kwamba aliulizwa karibu miezi minane baada ya kutia saini.

Turudi Dar es Salaam ya Septemba 1976. Mwanafunzi wa historia akitaka leo kujua Kissinger na Mwalimu waliambiana nini, anaweza kuyasoma mazungumzo hayo katika juzuu zilizochapishwa na serikali ya Marekani, akayalinganisha na yale ya Pretoria, ukurasa kwa ukurasa, na kuona neno lilipindia wapi. Ni kumbukumbu iliyoandikwa na upande mmoja, kwa Kiingereza cha upande huo, na Nyerere humo anazungumza kama alivyosikiwa na mwandishi wa Kissinger. Chumbani walikuwemo pia Watanzania wenye kalamu. Mwanafunzi huyo angependa kuyaona madaftari yao. Nasi tulioishi na matokeo ya mazungumzo hayo tungependa kuyaona.